Mupira ni wa nani? Maneno yetu kwa vijana juu ya mupira na udikteta



Tunaona wengi wenu mumetoka moja kwa moja uwanjani, viatu bado viko na vumbi. Ni vizuri, juu leo tunataka kuongea mambo ya mupira. Kuna wenye watasema: inchi inaungua, na ninyi munakaa kuongea mupira? Tunawajibu mapema. Watawala wa mabavu hawajawahi kuuona mupira kama muchezo tu. Kama wao wanauona ni kitu kikubwa, sisi tutauacha mikononi mwao kwa sababu gani?

Tuanzie kwetu. Wote munaijua tarehe 4 Januari, tunapumuzika kila mwaka juu ya wale wenye walikufa kwa ajili ya uhuru. Lakini wangapi kati yetu wanajua vile siku ile ilienda? Ilikuwa siku ya Mungu, mwaka 1959, mu Léopoldville. ABAKO walikuwa wameita watu kwenye mukutano. Serikali ya Wabelgiji ikakataza. Watu walikuwa wamekwisha kufika, hawakutaka kurudi nyumbani, hasira ikapanda. Na saa ile ile, pale karibu, mechi ilikuwa inaisha kwenye uwanja wa Roi Baudouin. Maelfu ya mashabiki wakatoka inje. Makundi mawili yakakutana barabarani, na muji ukawaka. Risasi zikapigwa, watu wengi wakakufa. Kisha mwaka moja na nusu, tarehe 30 Juni 1960, Congo ikapata uhuru.

Hatusemi mupira njo ulileta uhuru. Watu njo walileta uhuru. Lakini uwanja ulikuwa nafasi penye maelfu ya Wakongomani walizoea kukaa pamoja, kulalamika pamoja na kuimba pamoja. Mutu mwenye anazoea kupaza sauti pamoja na wengine, haogopi sawa vile mutu mwenye anakaa peke yake mu nyumba.

Mobutu alilielewa jambo hilo vizuri sana. Uwanja ule ule akaupa jina la 20 Mai, siku yenye chama chake MPR kilizaliwa mu 1967. Leo unaitwa Tata Raphaël. Na ule mwingine mukubwa wa Kinshasa ulianza na jina la Kamanyola. Mobutu alipokimbia mu 1997, ukaitwa Stade des Martyrs, juu ya Kimba, Bamba, Mahamba na Anany, wale wanne wenye Mobutu aliwatundika mbele ya watu tarehe 2 Juni 1966. Munaona? Kila utawala wenye unakuja unakimbilia kuandika jina lake kwenye uwanja. Kama uwanja ungekuwa kitu cha bure, wangejisumbua?

Sasa tuingie mu mwaka 1974. Mwezi wa tatu, Leopards wetu walibeba Kombe la Afrika kule Misri. Fainali na Zambia ilikuwa 2-2, wakarudia, tukashinda 2-0. Magoli yote manne yalikuwa ya Ndaye Mulamba. Mu mashindano yote alifunga 9, na mupaka leo hakuna mutu ameshafunga mengi vile mu Kombe moja la Afrika. Mobutu akafurahi, akatoa nyumba na magari. Wachezaji wakawa kama watoto wake. Na ujue, mu utawala kama ule, mwenye kukuita mutoto wake anaweza pia kukuchapa kama mutoto.

Mwezi wa sita wakaenda Ujerumani, Kombe la Dunia. Tulikuwa inchi ya kwanza ya Afrika yote ya kusini mwa Sahara kufika kule. Mechi ya kwanza, Scotland wakatupiga 2-0, si aibu. Kisha wachezaji wakasikia feza zao hazitafika, wakubwa wenye waliwasindikiza wamekwisha kuzikula. Wakataka kugoma. Wakaingia uwanjani bila roho ya kucheza, Yugoslavia wakatupiga 9-0. Ilunga Mwepu, beki wetu, alieleza miaka mingi kisha vile watu wa Mobutu walikuja hotelini, wakafunga milango, wakawaambia: Brazil wakiwafunga zaidi ya magoli 3, musirudi kwenu.

Tarehe 22 Juni 1974, mu muji wa Gelsenkirchen, Zaire na Brazil wakakutana. Mu dakika za mwisho Brazil wakapata mupira wa adhabu. Wakati wao bado wanajipanga, Mwepu akatoka mu ukuta mbio, akaupiga mupira mbali. Dunia yote ikacheka. Miaka na miaka televisheni za Ulaya zilirudia picha ile: muone Waafrika, hata sheria za mupira hawazijui. Lakini Mwepu alisema sheria alizijua. Alifanya vile kwa kusudi, juu ya hasira: kwa nini ajiumize kwa ajili ya watu wenye wanakula feza zake na kumutisha kifo? Mechi ikaisha 3-0. Wakarudi wazima.

Tunapenda kurudia habari hii kila mara mutu anapotuambia Leopards wa 74 walikuwa wajinga. Wale hawakuwa wajinga. Walikuwa watu wenye bunduki inawangojea nyumbani. Ndaye Mulamba mwenyewe, mwenye magoli 9, alimalizia maisha yake Afrika Kusini, mbali na kwao, mu umasikini, na akafia kule mu 2019. Dikteta anapenda ushindi wako. Wewe mwenyewe, hakupendi.

Lakini kuna upande mwingine wa mechi ile wenye hatuusemi. Tunasema "Brazil" kama vile wale walikuwa watu huru wa samba. Hapana. Brazil nayo ilikuwa chini ya waaskari. Jeshi lilimuondoa raisi João Goulart mu 1964. Mu 1968 wakafunga bunge. Watu waliteswa, watu walipotea. Tume ya ukweli ya Brazil, mu 2014, ilihesabu wafu na waliopotea 434. Jenerali Médici alitumia Kombe la Dunia la 1970 sawa vile Mobutu alitumia Kombe la Afrika. Hata kocha João Saldanha, mutu wa chama cha kikomunisti, aliondolewa miezi michache tu mbele ya mashindano. Kwa hiyo siku ile mu Gelsenkirchen, ukiondoa jezi na rangi ya ngozi, walikuwa vijana 22 wenye kutawaliwa na majenerali wawili.

Sasa tunafika mahali penye tulitaka kufika. Vijana wa Brazil walitokaje mu hali ile? Mupira ulisaidia kitu gani?

Mu muji wa São Paulo kuko timu inaitwa Corinthians. Ilianzishwa na wafanyakazi mu 1910, ni timu ya watu wadogo. Mu 1981 mambo yao yalikuwa mabaya sana. Klabu ikapata raisi mupya, naye akamuweka kiongozi wa mupira mutu mwenye hakutoka mu mambo ya mupira, Adilson Monteiro Alves, mwanasosiolojia. Yule hakufika na hotuba. Alikaa na wachezaji akawauliza wanafikiri nini. Muchezaji alikuwa amezoea kuambiwa: kula, lala, kimbia, nyamaza. Sasa anaulizwa.

Ndani mulikuwa Sócrates, kapiteni, daktari mwenye alisoma na kucheza pamoja. Mu 1964 alikuwa na miaka 10, akaona baba yake anachoma vitabu vyake mwenyewe juu ya kuogopa waaskari. Hakusahau moto ule. Mulikuwa Wladimir, beki wa kushoto, mutu mweusi, mwenye kupigania haki za wachezaji mu sendika. Mulikuwa Casagrande, mushambulizi wa miaka 19 tu, kijana kama ninyi.

Wakaanza kupiga kura. Kura juu ya nini? Juu ya vitu vidogo vidogo. Mazoezi yaanze saa ngapi. Basi isimame wapi njiani. Tumununue muchezaji fulani ao hapana. Tuendelee kufungiwa hoteli usiku wa mbele ya mechi, ao kila mutu mwenye familia alale kwake. Na kura ya raisi wa klabu ilikuwa na uzito moja na ya muchezaji wa akiba, na ya mwenye kukanda miguu ya wachezaji, na ya mwenye kutunza jezi. Mutu moja, kura moja. Mu inchi penye raia hakuwa na haki ya kuchagua raisi wa jamuhuri, mufuaji wa jezi alikuwa anachagua.

Wakaita jambo hili Demokrasia ya Corinthians, wakaandika jina lile mugongoni. Mwezi wa kumi na moja 1982, majenerali walikuwa wamekubali wananchi wachague wagavana wa majimbo, kitu chenye hakikufanyika tangu miaka ya 60. Watu wengi walikuwa wanaogopa, wengine walikuwa wamechoka, hawakuamini tena. Corinthians wakaingia uwanjani na maneno haya mugongoni: tarehe 15, piga kura. Hawakuandika jina la chama wala sura ya mutu. Serikali ikakasirika. Lakini utamukamata muchezaji juu ya kosa gani? Kuambia watu wapige kura kwenye uchaguzi wenye serikali yenyewe iliita? Mu São Paulo upinzani njo ulishinda.

Na uwanjani? Wakabeba ubingwa wa jimbo mu 1982, wakaubeba tena mu 1983. Kwenye fainali ya 1983 waliingia wakiwa wameshika kitambaa kirefu kimeandikwa: kushinda ao kupoteza, lakini kila mara na demokrasia. Sócrates njo alifunga goli.

Tunaomba musikie vizuri neno lile, kupoteza. Juu habari hii haina mwisho wa sinema. Mu 1984 Wabrazil walijaa mu barabara kudai wachague raisi wao wenyewe. Tarehe 16 Aprili, mbele ya umati mukubwa mu São Paulo, Sócrates aliahidi: bunge likikubali, siendi Italia, nabaki hapa. Tarehe 25 Aprili wabunge wakapiga kura. Zilihitajika kura 320, zikapatikana 298. Zilikosa 22 tu. Sócrates akaenda Fiorentina. Mu 1985, ndani ya klabu pia, Adilson na watu wake wakapoteza uchaguzi, na demokrasia ile ikaisha.

Lakini mu Machi 1985 majenerali wakaacha kiti. Mu 1989 Wabrazil wakachagua raisi kwa kura ya kila raia. Mupira peke yake haukuwaondoa waaskari. Wafanyakazi wenye waligoma, wanafunzi, wamama wenye walitafuta watoto wao, wote walisukuma. Lakini Corinthians walifanya kitu chenye hotuba haiwezi kufanya. Walionyesha raia wa kawaida, kila siku ya Mungu, kwamba watu wa kawaida wanaweza kuamua pamoja na kazi ikaendelea vizuri. Dikteta anasema kila siku: bila mimi mutauana, bila mimi hamutajua hata kupanga mustari. Wale wakamujibu kwa kupanga timu.

Na walipopoteza kura, wakatoka. Mobutu, mu miaka 32, hakuweza kufanya kile chenye wacheza mupira walifanya.

Kuna kitu kingine hatutaki kukificha. Si wote mu timu ile walipenda mambo ya kura. Golikipa Leão, mwenye alikuwa golini siku ile ya Brazil na Zaire, alifika Corinthians mu 1983 na alisema wazi njia ile haimupendezi. Hawakumufukuza. Alibaki golini, akapinga, na wakabeba kombe pamoja naye. Demokrasia yenye haivumilii mwenye kuipinga ni jina tu.

Basi wandugu, tugeuze macho kwetu.

Munajua vile inakuwaga uchaguzi unapokaribia. Mwenye miaka minne hatujamuona, anatokea na tuneo. Jezi 22, mipira 2, na sura yake kubwa kifuani. Tunacheza, tunashangilia, tunapanda juu ya gari, tunazunguka muji tukiimba jina lake. Kisha uchaguzi jezi inapauka, uwanja unabaki na mashimo yake. Hatuwalaumu. Hata sisi wenyewe, kuko wenye tulivaa jezi zile. Mutu mwenye anacheza bila viatu hatumuambii akatae viatu.

Tunasema hivi tu: mbele ya kupokea, kaeni chini mupige kura. Timu yote, si kapiteni na rafiki yake wawili. Hata mwenye kukaa akiba, hata mutoto mwenye kubeba maji. Muandike masharti yenu kwenye karatasi: tunapokea mupira, lakini sura haikae kwenye kifua chetu, tunapokea jezi, lakini hatutembei nyuma ya gari. Akikubali, vizuri. Akikataa, mumekwisha kujua alikuja kununua nini. Na kama timu imepiga kura kukubali yote, hata sura, tutahuzunika, lakini mutakuwa mumechagua ninyi, na siku ingine mutaweza kuchagua kitu kingine.

Na wadada wanacheza wapi? Mu kartiye nyingi uwanja ni wa wanaume kutoka asubui mupaka magaribi, wasichana wanangoja giza iingie. Hakuna dikteta kutoka Kinshasa mwenye alipanga vile. Ni sisi tulipanga. Hiyo nayo muipigie kura, lakini na wao wakiwa ndani ya mukutano.

Sasa sehemu yenye ni nguvu kuisema. Sisi wenye tunasimama hapa mbele, wenye kuandika matangazo ya kudai uchaguzi wa haki, wenye kupiga kelele "raisi aheshimu katiba", mwaka uliopita tulibadilisha musimamizi wetu namna gani? Watu watatu, usiku, kwenye telefone. Tulisema wakati ni mubaya, usalama hauko, tutaitisha wengine kisha. Hatukuitisha. Kwenye mukutano wenye ulifuata, dada moja mudogo kuliko sisi wote akasimama akauliza: "Bakubwa, ile kura mulipigia wapi?" Tukakohoa. Moja akasema wakati ulikuwa wa hatari. Dada akajibu: "Na wao njo vile wanasemaga." Akakaa.

Tangu siku ile hatulale vizuri. Juu alisema ukweli. Kila utawala wa mabavu ulianza na mutu mwenye alisema wakati haufai. Mobutu pia alisema miaka mitano tu, ya kutengeneza inchi. Hatuwezi kudai kwa ikulu kitu chenye hatukifanye mu komite yetu. Watu watatu kwenye telefone leo, wakipewa inchi kesho, watakuwa watu watatu kwenye ikulu.

Tarehe 7 Februari 2024, mu Abidjan, wachezaji wa Leopards walisimama kwa wimbo wa taifa mbele ya nusu fainali na Côte d'Ivoire. Mukono moja wakaziba mudomo, na vidole vya mukono mwingine wakavielekeza kichwani kama bunduki. Dunia yenye haikutaka kusikia juu ya wafu wa mashariki ikalazimishwa kutazama. Mechi tukapoteza 1-0. Lakini wengi wetu tulilia mbele mechi haijaanza. Vijana wale walisema kile chenye kinatupata: tunauawa, na mudomo umezibwa. Wao walifanya sehemu yao. Kutoa mukono kwenye mudomo ni kazi yetu, na inaanzia penye tunakaa, mu timu, mu komite, mu parsele.

Kwa hiyo leo hatumalizi na nyimbo. Pale mulangoni kuko karatoni imekatwa tundu juu, na karatasi na bik. Tumeacha viti vyetu, wote. Majina ya wenye wanajitolea yameandikwa ukutani, na mwenye anataka kuongeza lake aongeze sasa, hata kama alikuja leo kwa mara ya kwanza. Kila mutu karatasi moja. Tutahesabu hapa hapa, mbele yenu wote, kwa sauti. Dada mwenye alituuliza njo atafungua karatoni.

Wenye tutapoteza, tutabaki kupanga viti na kufagia. Kisha twende uwanjani, bado kuna mwangaza wa saa moja.